Klabu ya Mpira Isiwe Chambo

Wako watu wanaodhani kwamba habari za mpira ni habari za mchezo tu, na kwamba gazeti la wafanyakazi likiziandika katika ukurasa huu wa maoni linapoteza wino wake bure. Sisi hatuna mawazo hayo. Mahali popote wanapokusanyika watu elfu kumi kwa hiari yao, wakalipa kiingilio kwa jasho lao, wakaimba pamoja na kusikitika pamoja, hapo pana mali kubwa, nayo ni imani ya watu. Na penye mali hapakosi mwenye kuinyatia. Ndiyo sababu leo tunasimulia habari za klabu moja ndogo ya China, ambayo wasomaji wetu wengi hawajapata kuisikia, na ambayo hata huko kwao ni wachache wanaoikumbuka. Jina lake lilikuwa Chengdu Qbao.

Mji wa Chengdu ndio mkuu wa jimbo la Sichuan, upande wa kusini-magharibi ya China. Sensa ya mwaka 2020 ilihesabu humo watu zaidi ya milioni 20. Wenyeji wake wanaupenda mpira tangu zamani. Ligi ya kulipwa ilipoanzishwa nchini humo mwaka 1994, timu ya jimbo, Sichuan Quanxing, ilikuwa na mashabiki waliosifika nchi nzima kwa wingi wao na kwa sauti zao. Mwaka 1995 timu hiyo ilipokuwa katika hatari ya kushuka daraja, mji ulisimama nayo mpaka ikaokoka, na habari za siku zile zingali zikisimuliwa kama watu wasimuliavyo vita walivyoshinda. Lakini jina hilo la Quanxing lilikuwa jina la pombe. Kampuni ya pombe ilipojitoa, timu ikauzwa, ikapewa majina mengine, na mwaka 2006 ikavunjwa.

Ilikuwapo klabu ya pili ya mji huo, Chengdu Wuniu, iliyoanzishwa mwaka 1996, nayo ikabeba jina la sigara. Mwaka 2006 ilinunuliwa na klabu ya Sheffield United ya Uingereza, ikaitwa Chengdu Blades. Mwaka 2010 ikateremshwa daraja kwa hatia ya kupanga matokeo ya mchezo wa mwaka 2007. Waingereza wakaondoka, wakaja wenye mali wengine, jina likageuka likawa Chengdu Tiancheng, na mnamo Januari 2015 klabu ikafa ikiwa na deni la mishahara. Basi mji wa mamilioni ya watu, wenye mapenzi ya mpira kiasi hicho, ukawa umezika timu mbili katika muda wa miaka tisa.

Katika majonzi hayo ndipo ilipoingia Qbao. Hii ilikuwa kampuni ya intaneti ya mji wa Nanjing, mashariki ya China, iliyoanzishwa mwaka 2012 na mtu aitwaye Zhang Xiaolei. Jina lake kwa Kichina, Qianbao, maana yake ni hazina ya fedha. Mwaka 2014 kampuni ilianzisha timu ya mpira huko huko Nanjing, kisha ikaihamisha zaidi ya kilomita 1,000 kwenda Chengdu, kama mtu ahamishavyo duka lake kulifuata soko. Ulipofika msimu wa mwaka 2016 timu ilikuwa ikicheza katika Daraja la Pili, ambalo kwa hesabu ya Kichina ndilo ngazi ya tatu kutoka juu, kwa jina la Chengdu Qbao. Wakati huo huo kampuni ilikuwa imekwisha kubandika jina lake kwenye fulana za Real Sociedad, klabu ya ligi kuu ya Hispania.

Tuulize sasa: fedha hizo zilitoka wapi? Kampuni ile haikuwa na kiwanda wala shamba. Kazi yake ilikuwa kupokea amana za watu. Mtu aliweka fedha zake, kisha kila siku akafungua simu yake, akatazama matangazo na kutimiza vijikazi vidogo vidogo, naye akaahidiwa faida ambayo hakuna benki ya halali iwezayo kuitoa. Faida ya aliyeingia jana ililipwa kwa amana ya anayeingia leo. Wasomaji wetu wanaujua upatu wa akina mama mtaani, ambamo kila mmoja anamjua mwenzake, anaijua zamu yake, na hakuna anayeahidiwa zaidi ya kile alichotoa. Huu haukuwa upatu wa namna hiyo. Huu ulikuwa ni mtungi wenye tundu, ambao hauwezi kujaa isipokuwa maji yaendelee kumiminwa bila kukoma.

Tarehe 26 Desemba 2017, Zhang Xiaolei alikwenda mwenyewe kujisalimisha kwa polisi wa Nanjing. Mwezi uliofuata polisi walitangaza kwamba fedha za watu ambazo hazijarudishwa, bila kuhesabu faida walizoahidiwa, zilikuwa kiasi cha yuan bilioni 30. Baadaye mahakama ilimpa kifungo cha miaka 15. Na ile timu? Ligi ya mwaka 2018 ilipoanza, Chengdu Qbao haikuwamo. Haikufungwa uwanjani, haikushuka daraja, wala mashabiki wake hawakuitupa. Ilikufa kwa sababu mtu mmoja katika mji mwingine alikwisha kufikia mwisho wa njia yake.

Hapo ndipo tunapotaka ndugu msomaji atulie na kufikiri pamoja nasi. Wengi watasema kwamba kosa lilikuwa la upatu, na kwamba mpira ulidhurika tu kama jirani anavyodhurika nyumba ya pili inapoungua. Sisi tunaona ni zaidi ya hayo. Mpira haukuwa jirani. Mpira ulikuwa ni chambo. Mwenye amana alipotaka kujua kama kampuni ile ni ya kuaminika, alionyeshwa nini? Alionyeshwa timu iliyovaa jina la kampuni na jina la mji kwa pamoja. Alionyeshwa wachezaji wa Hispania wakikimbia na jina lilo hilo kifuani. Akajiambia moyoni kwamba watu wanaojulikana kiasi hiki hawawezi kuwa wezi. Heshima iliyojengwa na mashabiki wa Chengdu tangu mwaka 1994, kwa koo zao na kwa nauli zao, ikaazimwa na mtu asiyeijenga, naye akaitumia kuwavutia watu wa hali ya chini watoe akiba zao. Katika udanganyifu huo shabiki alitoa jina lake na mwenye amana akatoa fedha zake, wala hapana hata mmoja wao aliyekuwa mwenye klabu.

Tena tuone kwa nini mtu wa namna hiyo huingia kwa mlango wa daraja za chini. Huko juu, kwenye Ligi Kuu, klabu ni ghali, na macho ya watu ni mengi. Huko chini klabu ni rahisi kununuliwa, na mara nyingi zimo taabani, kwa hiyo kila aletaye fedha hupokewa kwa vigelegele bila kuulizwa atokako. Kwa gharama ya timu ndogo mtu hununua jina la mji mkubwa. Lolote litakalompata hana hasara: timu ikipanda daraja atasifiwa, ikishindwa ataiacha. Wahenga walisema kwamba nguo ya kuazima haisitiri maungo. Lakini mwenye kuivaa siku ya sherehe hupendeza sawasawa na mwenye nguo yake, na anayeazimishwa huwa hana habari mpaka nguo irudi imechanika.

Asidhani mtu kwamba tumechagua kisa kimoja kibaya ili kuyachafua yote. Huko Tianjin, kampuni ya Quanjian, iliyouza dawa za mitishamba na vitu vya afya, ilichukua mwaka 2015 klabu ya Daraja la Kwanza, yaani ngazi ya pili. Mwaka 2016 ikatwaa ubingwa wa daraja hilo, na mwaka 2017 ikamaliza ya tatu katika Ligi Kuu, ikiwa na wachezaji wa sifa kama Axel Witsel wa Ubelgiji na Alexandre Pato wa Brazil. Januari 2019 polisi walimkamata mkuu wa kampuni, Shu Yuhui, na mwaka mmoja baadaye akahukumiwa kifungo cha miaka 9 kwa kuendesha biashara ya kuchuma kwa kuingiza watu juu ya watu. Klabu ikabadilishwa jina ikaitwa Tianjin Tianhai, ikasaidiwa kujikokota msimu mmoja, na Mei 2020 ikavunjwa.

Wala si lazima mwenye kampuni awe mhalifu. Kule Meixian, katika nchi ya milima ya mashariki ya Guangdong inayosifika kwa mpira, klabu iliyobeba jina la Techand, kampuni ya kutengeneza bustani na mazingira, ilishika nafasi ya pili katika Daraja la Pili mwaka 2017 ikapanda. Mwaka 2019 ikapewa jina jipya la Guangdong South China Tiger. Mwaka 2020 haikuwapo tena. Hapo hatukusikia habari ya upatu. Ilitosha kwamba fedha zimekauka. Mwaka huo huo klabu zaidi ya kumi za ligi za kulipwa za China zilitoweka, nyingi zikiwa za daraja za chini, na miongoni mwao ilikuwamo Sichuan Longfor, ya jimbo lile lile la Chengdu. Hata ubingwa haukuwa kinga: Jiangsu Suning ilitwaa ubingwa wa nchi tarehe 12 Novemba 2020, na tarehe 28 Februari 2021 wenyewe wakatangaza kusimamisha shughuli zake. Bingwa wa nchi hakumaliza hata miezi minne.

Sasa tuseme juu ya wafanyakazi, kwa maana mchezaji wa daraja la chini ni mfanyakazi, na wenzake hawatajwi kabisa. Watu wakisikia mpira wa China hufikiria mamilioni waliyolipwa Wabrazili. Hawamfikirii kijana wa ngazi ya tatu mwenye mkataba wa mwaka mmoja mmoja, wala mfua fulana, mtunza majani, dereva wa basi, mpishi, na mkufunzi wa watoto. Mchezaji mashuhuri klabu ikifa hupokewa na klabu nyingine kabla ya jua kuchwa. Hawa wengine ndio wanaobaki na madai yasiyo na mdaiwa, kwa sababu kampuni itasema klabu ni shirika la mbali lenye hesabu zake, na klabu itasema kisanduku ni kitupu.

Chama cha Mpira wa Miguu cha China kimeliona jambo hili, nasi hatuna budi kukipa haki yake. Kimeweka sharti kwamba kabla ya msimu kuanza kila klabu ilete karatasi zilizotiwa sahihi na wachezaji na wafanyakazi wake kuthibitisha kwamba wamelipwa mishahara na marupurupu yao. Isiyoleta haisajiliwi. Ni sharti la haki, na klabu nyingi zilizofutwa mwaka 2020 zilikwama hapo. Lakini sharti hilo lina upungufu wake, nao ni kwamba linamwadhibu mdaiwa kwa kumwua, na mdai akabaki palepale. Kijana ambaye hajalipwa miezi kadhaa huwekwa kati ya mambo mawili: atie sahihi ya uwongo ili klabu iishi naye abaki na kazi, au akatae na kazi yake ife pamoja na klabu. Tunasema kwamba sheria inayomlinda mfanyakazi kwa kumlazimisha achague kati ya haki yake na riziki yake bado haijakamilika.

Likafuata jambo la majina. Mpango wa serikali wa kuurekebisha mpira, uliotolewa Machi 2015, ulitaka klabu zisitegemee mwenye hisa mmoja na majina yao yasiwe ya kampuni. Desemba 2020 Chama cha Mpira kikaamuru kwamba kuanzia msimu wa 2021 klabu ziache majina ya biashara. Sisi tunaikubali shabaha ya amri hiyo, kwa kuwa jina la mji lisitundikwe kama bango. Hata hivyo twapaswa kuwasikiliza na mashabiki wa Henan, walioumia kuondolewa jina la Jianye. Kampuni hiyo ilikuwa na klabu tangu mwaka 1994; watoto walikuwa wamezaliwa na kukua katika jina hilo, na jina la biashara likawa limegeuka mali ya watu kwa kukaa nao katika shida na raha. Tofauti kati ya Jianye na Qbao haikuwa katika jina. Mmoja alikaa na watu miaka 26, mwingine akapita kama msafiri aliyelala usiku mmoja.

Na kubadili jina la chombo hakuzibi tundu lililo chini yake. Jiangsu ilikufa ikiwa imekwisha kufutiwa jina la Suning. Klabu ya Guangzhou, iliyokuwa bingwa wa nchi mara 8 na bingwa wa Asia mwaka 2013 na 2015 kwa fedha za kampuni ya majumba ya Evergrande, iliacha jina hilo, na bado Januari 2025 ikanyimwa kusajiliwa kwa ajili ya madeni. Jambo lililofanywa Henan lilikuwa la maana zaidi: mwaka 2021 miji ya Zhengzhou na Luoyang iliingia kuchukua hisa pamoja na kampuni, ili mmoja akichoka asiangushe nyumba yote.

Chengdu nako hawakukaa wakilia. Mwaka huo huo wa 2018 ambao Qbao ilitoweka, ilianzishwa klabu mpya chini ya shirika la umma la mji, Xingcheng, nayo ikaanzia chini kabisa katika mpira wa ridhaa. Ikapanda ngazi kwa ngazi, ikachukua jina la Chengdu Rongcheng, ambalo ni jina la kale la mji wenyewe, na mwaka 2022 ikacheza Ligi Kuu. Mwaka 2024 ilimaliza ya tatu. Uwanja wake wa Fenghuangshan unachukua watu zaidi ya 50,000, nao hufurika kwa mashabiki. Hatusemi kwamba klabu hii haiwezi kufa. Hazina ya mji nayo hukauka, na wakuu wa mji nao hupenda sifa. Lakini mwenye mali wa Chengdu hawezi kuuhamisha mji wa Chengdu. Akikosea, watu wanamjua anakokaa.

Wapo watakaotujibu: ninyi mwasema bila kujua gharama, pasipo kampuni nani atalipa? Swali hilo ni la haki. Klabu haiendeshwi kwa nyimbo. Hatumkatazi mwenye biashara kusaidia mpira, na akisaidia kwa uaminifu apewe shukrani zake na nafasi yake kwenye fulana. Tunalokataa ni kumfanya mfadhili kuwa mwenye kila kitu, hata roho ya klabu ikawa mfukoni mwake. Mgeni akija na zawadi tunampokea sebuleni. Hatumpi hati ya nyumba.

Kwa hiyo sisi tunaona mambo manne yangefaa kuwa sharti kwa kila klabu, kubwa au ndogo. La kwanza, anayetaka kununua klabu aonyeshe hadharani fedha zake zinatoka wapi, na asiyeweza kueleza biashara yake kwa maneno ambayo mchukuzi wa sokoni atayaelewa, asipewe. La pili, mishahara ya msimu mzima iwekwe amana mahali ambapo mwenye klabu hawezi kuigusa, ili klabu ikifa mfanyakazi asizikwe nayo. La tatu, jina, rangi na nembo viwe mali ya mji na ya wanachama, visiuzwe wala kusafirishwa. La nne, mashabiki wapate kura ndani ya klabu, ingawa chache, ili pawe na mtu wa kuuliza maswali siku mambo yanapokwenda vizuri, maana siku yanapoharibika kila mtu huuliza.

Mambo haya si ya Wachina peke yao. Vijana wa Afrika Mashariki nao wamecheza huko. Michael Olunga wa Kenya alisajiliwa mwaka 2017 na klabu ya Guizhou, iliyomilikiwa na kampuni ya majumba. Klabu hiyo ilitoweka mwaka 2022. Mkenya mwenzake, Ayub Masika, aliichezea Beijing Renhe, klabu iliyohamishwa kutoka Shanghai hadi Xi'an, kutoka Xi'an hadi Guizhou, na kutoka Guizhou hadi Beijing, kila mara ikiacha mji wenye huzuni nyuma yake, nayo sasa haipo tena. Kijana wetu anayeletewa mkataba kutoka mbali, pamoja na kuuliza mshahara ni kiasi gani, aulize pia ni nani anayelipa, analipa kwa fedha gani, na siku akiondoka ni nani atakayebaki. Mzazi wake aulize hivyo hivyo. Na mfanyakazi yeyote anayeonyeshwa timu inayong'ara ili atoe akiba yake, akumbuke kwamba fulana safi si dhamana.

Timu ya Chengdu Qbao haikuacha kombe la kukumbukwa. Imeacha onyo, na onyo hilo lililipiwa kwa akiba za watu wengi wasiopata hata kuingia katika uwanja wake. Sisi tunalipokea. Watu wakiipenda timu, mapenzi hayo ni mtaji wao, na mwenye mtaji ana haki ya kuuliza hesabu. Wasiache kuuliza.